Jina la muuaji unalijua, la mtoto je? Namna ya kuangalia dokumentari za mauaji ya kifamilia bila kumpoteza mtoto

Jumamosi moja usiku tulikua wanne sebuleni, mimi, mdogo wangu na mashoga zangu wawili, tumeunga bando la wiki na bisi tumekaanga, tunaangalia dokumentari ya mauaji Netflix, familia ya Marekani, baba kaua mke na watoto wake. Tulivyomaliza ubishi ukaanza, huyu anasema mi nlimjua tangu mwanzo, yule anarudisha nyuma tuone jamaa alivyosimama kibarazani anaongea na waandishi kakunja mikono, tunachambua macho, tunachambua sauti. Mama akapita anaenda kuzima taa ya nje, akasimama mlangoni, akauliza, "Hao watoto walikua wanaitwaje?"

Tukanyamaza, watu wanne. Jina la baba tulikua nalo mpaka la ukoo, kazi yake tunaijua, gari lake tunalijua. Watoto muda wote tulikua tunawaita "wale mabinti".

Wanaitwa Bella na Celeste. Bella alikua na miaka 4, Celeste 3, na mama yao Shanann alikua na mimba ya mtoto wa kiume ambaye jina walishampa, Nico. Ilikua Agosti 2018, mji mdogo wa Frederick, jimbo la Colorado. Nliyatafuta usiku uleule mama alivyoenda kulala, maana swali lake liliniuma, na tangu siku ile sijaangalia hizi filamu kama zamani. Sijaacha kuangalia, bado naangalia sana tu, ila nina namna yangu, na ndo nataka kuielezea hapa kwa sababu najua tuko wengi. Na kitu kimoja utakigundua mapema, humu ndani hakuna jina la muuaji hata mmoja. Sijasahau kuyaweka.

Kwanza elewa kwa nini tunawasahau, maana siyo kwamba tuna roho mbaya. Muuaji mara nyingi yuko hai na anaongea. Kuna masaa ya video za polisi wanamhoji, kuna kamera za kifuani za maaskari, kuna kesi mahakamani, kuna meseji zake, kwa hiyo mtengeneza filamu ana mzigo mkubwa wa picha za mtu mmoja. Mtoto kaacha nini? Picha za shule, video za besdei, mchoro uliobandikwa kwenye friji. Mtoto wa miaka mitatu hana hata meseji. Sasa filamu ikienda inapopata picha inakwenda kwa muuaji, na sisi tunaifuata, na ikiisha kichwani kumejaa yeye. Ukitaka mtoto abaki inabidi ufanye kazi ambayo filamu haijaifanya, au imeifanya nusu.

Kwa hiyo kabla hujabonyeza kuanza, tafuta vitu vitatu uviandike. Mi nina daftari, lile dogo la kurasa 48, ila hata simu inatosha. Jina lake kamili, tarehe aliyozaliwa, na mtu mmoja aliyekua anampenda. Basi. Usitafute alivyokufa, hiyo utaambiwa tu, utaambiwa mpaka uchoke.

Jina nalisisitiza na nikwambie kwa nini. Kuna binti anaitwa Victoria Adjo Climbié, amezaliwa tarehe 2 Novemba 1991 huko Abobo, karibu na Abidjan, Ivory Coast. Mwishoni mwa 1998 wazazi wake walimkabidhi kwa shangazi wa baba yake anayeishi Ulaya, ili akasome. Naomba usome hiyo sentensi tena ukiwa unafikiria kwetu, maana ni nyumba ngapi hapa zina mtoto aliyeletwa mjini kwa shangazi akasome, au ni wangapi wamepelekwa Ulaya au Uarabuni na ndugu kwa nia hiyohiyo, na wazazi kijijini wanaomba dua kwa shukrani. Victoria akapitishiwa Ufaransa, Aprili 1999 akafika London. Alisafirishwa kwa pasipoti ya mtoto mwingine, kwa hiyo London nzima ikawa inamwita Anna. Maofisa wa ustawi wa jamii walimwandika Anna, hospitali Anna, polisi Anna. Alikufa tarehe 25 Februari 2000 ana miaka 8, akiwa ameshapita kwenye mikono ya ofisi nyingi tu zilizokua na uwezo wa kumsaidia, na karibu wote waliokutana naye Uingereza hawakuwahi kumwita jina alilopewa na baba na mama yake.

Mi nikikaa nalo hili huwa nashindwa kuendelea. Mtoto anateswa afu hata jina lake hana. Sasa mtu akija kuniambia jina ni kitu kidogo, majina tutayajua baadae, namwambia hapana. Litamke kwa sauti. Kama ni la kigeni tafuta klipu ya mtu wa familia analitamka, usikilize mara mbili tatu. Ukikosea siyo kesi, jaribu.

Uchunguzi wa serikali ya Uingereza kuhusu Victoria uliongozwa na Lord Laming na ripoti ikatoka Januari 2003, ina mapendekezo 108, na mwaka uliofuata kukatungwa sheria mpya ya watoto. Lakini ukiisoma ile ripoti utakuta pia vitu ambavyo filamu na magazeti huwa vinaviruka. Kuna watu waliosema alikua na tabasamu zuri mno. Kuna alipolazwa hospitali Julai 1999, wauguzi wakamkumbuka kama mtoto mchangamfu, anajizungusha wodini huku na huku. Hebu muone. Mtoto wa miaka 7, yuko nchi ya ubaridi ambayo lugha yake haijui vizuri, kwa siku chache tu yuko mahali ambapo hakuna anayempiga, na anachofanya ni kuzunguka kwenye korido la wodi kama mtoto anayecheza harusini. Hilo ndo naliandika kwenye daftari. Idadi ya majeraha inajulikana, iko kila mahali, nimeamua kutoiandika.

Hapo umeshaelewa kazi yenyewe wakati wa kuangalia. Kila mtoto anapotokea akiwa hai, simamisha. Kabisa, bonyeza, simamisha. Angalia amevaa nini, amebebwa na nani, anacheka na nini, mkono wake umeshika nini. Sekunde kumi. Hizi filamu zimehaririwa kwa spidi, picha ya mtoto inapita afu muziki wa huzuni, afu tunarudi kwa mpelelezi, kwa hiyo usipoisimamisha wewe hakuna atakayekusimamishia. Kwenye ile ya Colorado kuna video za nyumbani tele kwa sababu mama yao alikua anapenda kurekodi na kuweka Facebook, na moja Bella anaimba wimbo kwamba baba yake ni shujaa. Watu wanaitumia ile video kumchambua baba. Jaribu kuiangalia tena kama video ya Bella tu, sauti yake, anavyojiamini na maneno aliyoyajua kwa kichwa.

Zinapokuja picha za maiti, za kitanda cha upasuaji, au maelezo ya kidaktari, peleka mbele. Ruhusa unayo. Kuna wazo kwamba ukiruka unamkwepa mtoto, unakua mwoga, mi sikubaliani nalo hata kidogo, kwetu marehemu tunamsitiri, tunafunga mlango wakati anaoshwa, wanaingia wanaohusika tu. Wewe huhusiki. Jaji anahusika, daktari anahusika. Na kama nyumbani kuna watoto wanapita pita, vaa spika za masikioni au subiri walale, na kama we mwenyewe ulipigwa sana utotoni na unaona kifua kinabana, zima, ongea na mtu, hiyo filamu haiondoki.

Sasa niongelee filamu moja ambayo kwangu ndo mfano, maana imefanya kinyume cha zote. Inaitwa Dear Zachary, ya 2008, kaitengeneza Kurt Kuenne. Kama hujaiona na unataka kuiona bila kujua, ruka aya tatu zinazofuata.

Kuenne alikua na rafiki tangu utotoni, Andrew Bagby, walikulia California, na enzi hizo Kuenne anatengeneza vifilamu vya mtaani Andrew ndo muigizaji wake. Andrew akaenda kusomea udaktari Newfoundland, Canada, afu akawa anafanya kazi Pennsylvania, na Novemba 2001 akapigwa risasi akafa. Mshukiwa alikua mwanamke waliyekua wameachana, akakimbilia Newfoundland, na huko akatangaza ana mimba ya Andrew. Kuenne alikua ameshaanza kuzunguka na kamera kukusanya kumbukumbu za rafiki yake, alivyosikia kuna mtoto akabadilisha kazi yote ikawa barua kwa huyo mtoto, ili akikua amjue baba yake. Mtoto alizaliwa tarehe 18 Julai 2002. Zachary.

Wazazi wa Andrew, David na Kathleen, waliacha maisha yao California wakahamia St. John's, mji wa baridi na mawe, ili wawe karibu na mjukuu, na ili wamuone walilazimika kuongea vizuri, kucheka, kukaa meza moja na mtu waliyeamini ndo kamuua mtoto wao wa pekee. Sidhani kama kuna kitu nimeona kwenye filamu yoyote kinachofanana na hicho. Utawaona na Zachary, anavyomng'ang'ania bibi yake. Alikua na shavu la kushiba. Mama yake alikua kaachiwa na mahakama wakati kesi ya kumrudisha Marekani inaendelea, na tarehe 18 Agosti 2003 akaingia nae baharini. Zachary alikua na miezi 13.

Barua ikabaki haina wa kuisoma. Kuenne akaimaliza hivyohivyo, na ndo maana nasema ni mfano, kwa sababu filamu nzima kamera iko upande wa waliopendwa. Unatoka pale unamjua Andrew, unawajua babu na bibi, unamjua Zachary alivyokua anacheka. Na babu na bibi hawakuishia kulia. Uchunguzi rasmi wa 2006 ulisema kifo kile kingeweza kuzuilika, na baada ya miaka ya kupigania, Desemba 2010 Canada ikapitisha sheria ambayo watu wanaiita Sheria ya Zachary, inayompa hakimu uwezo wa kukataa dhamana kwa ajili ya kumlinda mtoto aliye chini ya miaka 18.

Ukishaiona hiyo, utakua na kipimo. Filamu nyingine yoyote jiulize tu, kamera imekaa upande wa nani? Kama nusu saa imepita na hujaambiwa mtoto alikua anapenda kula nini, unajua uko kwenye filamu ya namna gani, na unajua kazi ya ziada ni yako.

Kuna kitu kingine cha kuandika nacho ni muhimu pengine kuliko vyote, watu wazima waliokua wanamzunguka. Chora mstari kwenye daftari, upande huu waliojaribu, upande huu waliopewa taarifa. Nliianza hii kwenye ile ya Gabriel Fernandez, The Trials of Gabriel Fernandez, episodi sita, ilitoka Netflix 2020. Gabriel alizaliwa tarehe 20 Februari 2005. Mjomba wa mama yake na mwenza wake walimlea tangu kachanga, wakampenda kama wao, baadae akakaa kwa babu na bibi, na 2012 mama yake akamchukua, kwenda kuishi nae Palmdale, kaskazini ya Los Angeles, na mwanaume aliyekua nae. Mei 2013 Gabriel akafariki. Alikua na miaka 8, darasa la kwanza.

Upande wa waliojaribu una majina. Mwalimu wake, Jennifer Garcia. Gabriel alikua mgeni darasani kwake wakati alipomfuata akamuuliza kama ni kawaida mama kumpiga mtoto, afu akauliza kama ni kawaida kutoka damu. Fikiria mtoto anachagua mtu wa kumuuliza hilo. Hakusema anateswa, aliuliza kama ni kawaida. Mwalimu akapiga simu ustawi wa jamii siku ileile, na akaendelea kupiga miezi iliyofuata kila alivyoona kitu. Mlinzi kwenye ofisi ya misaada ya serikali nae alimuona yule mtoto na alama, akapiga simu, na kazi yake ilikua kulinda mlango tu. Hawa wote waliona na wote walisema. Upande wa pili nao unajaa, na baadae maofisa wanne wa ustawi walishtakiwa, kesi yao ikafutwa 2020 bila kwenda kwenye hukumu.

Ukichora hivyo unaona kitu ambacho kuchambua macho ya muuaji hakikuonyeshi. Unaona mtoto hakua peke yake, alikua na watu. Inaumiza zaidi, sikatai, ila ni kweli zaidi, na mtoto anatoka kwenye kuwa mwili wa kupigwa anakua mwanafunzi wa mtu, mjukuu wa mtu, mtoto aliyekua na akili ya kuuliza swali. Na usiache majina ya pembeni. Eneo hilohilo la Palmdale, wanaliita Antelope Valley, 2018 akafa Anthony Avalos, miaka 10. 2019 Noah Cuatro, miaka 4. Kama filamu inawataja kwa sekunde mbili, simamisha, waandike nao.

Sasa maneno. Hapa naomba tuvumiliane kwa sababu nitasema vitu tunavyovisema wote. Magazeti yetu yana sentensi moja, "wivu wa mapenzi". Baba kaua mke na watoto watatu, kichwa cha habari wivu wa mapenzi. Mapenzi gani hayo? Mtoto wa miaka miwili ameingiaje kwenye wivu? Ukiona filamu, au ukiona habari ya huku kwetu, ukitaka kuisimulia usiipe hilo jina. Sema ameua watoto wake. "Alipitiwa na shetani" nayo iache, maana kwenye kesi nyingi hizi unakuta siyo dakika moja ya hasira, ni miezi ya kupiga, ya kutishia, kuna watu waliambiwa. Na "alikua baba mzuri tu mpaka siku ile", hiyo ndo mbaya kuliko zote, kwa sababu mwenye haki ya kusema kama alikua baba mzuri ni mtoto na hayupo.

Nina shida kidogo na "malaika" pia, najua nitapingwa. Tukisema malaika wetu pumzika, tunamaanisha vizuri, na kwa imani yangu mimi mtoto hana dhambi na nafasi yake iko. Lakini naona tukikimbilia huko mapema mtoto anakua wingu jeupe, hana tena jina wala goti lenye kidonda cha kuanguka na baiskeli. Gabriel alikua Gabriel. Anza na huyo, malaika itafuata.

Kwenye kuposti. Watu wengi wakimaliza filamu wanaweka kitu stetasi, na siyo vibaya, ndo namna tunaongea siku hizi. Ila angalia unaweka nini. Picha ya muuaji usiweke, hata ukiwa unamlaani, maana sura yake ndo itakayotembea. Huyu wa Colorado kule gerezani alipokea barua za wanawake wanamtaka, hii siyo utani, zipo kwenye kumbukumbu za kesi. Weka picha ya watoto ambayo familia yenyewe imeitoa, wakiwa hai, wamevaa, wanacheka, na chini andika jina na umri. Klipu zenye kilio cha mtoto, sauti za simu za dharura, picha za chumba, usizisambaze kwenye grupu hata kama mwenzio ameanza kuzisambaza. Na kukata vipande vya watoto kuvitia muziki wa mahadhi fulani hivi, emoji za moyo uliovunjika, mi naona bora unyamaze.

Kabisa kabisa usiwatafute ndugu. Wapo watoto waliobaki hai kwenye hizi familia, kaka na dada, wengine wameona kila kitu, leo ni watu wazima wana maisha yao, na kuna watu kila filamu ikitoka wanaenda kuwachimba kwenye akaunti zao wanawauliza maswali. Ndugu wa Shanann mwaka 2019 ilibidi wajitokeze hadharani kusema wanavyosumbuliwa na kutukanwa na watu wasiowajua. Wamezika binti na wajukuu, afu unawatumia meseji. Msibani kwetu ukifika unakaa kwenye mkeka unanyamaza, unakunywa chai yako, unatoa rambirambi unaondoka. Huko nako ni hivyohivyo.

Uingereza kuna kitu walifanya nlikipenda, kwa sababu kilikua cha watu wote na hakikumsumbua mtu. Arthur Labinjo-Hughes, alikua na miaka 6, aliuawa huko Solihull Juni 2020, kwenye nyumba ya mwanamke wa baba yake walipokua wanaishi, na kesi ilivyoisha Desemba 2021 mashabiki viwanjani walisimama dakika ya 6 ya mechi wakapiga makofi. Dakika ya sita kwa miaka sita, afu mpira ukaendelea.

Halafu kuna sehemu ya huku kwetu, maana haiwezekani niwe najua Palmdale nzima afu nyumba ya tatu kutoka kwangu sijui. Sisi tuna msemo wa kitanda usichokilalia hujui kunguni wake, na tunautumia vibaya, tunautumia kufunga dirisha. Mtoto analia kila jioni saa ileile, dada wa kazi mwenye miaka 13 anaonekana anafua saa nne usiku, mtoto aliyeletwa kusoma haendi shule, tunasema ni mambo ya ndani. Tanzania, Kenya na Uganda namba ya watoto ni moja, 116, ni bure kupiga. Huhitaji ushahidi. Sema umeona nini, mara ngapi, wapi, mtoto ana umri gani unaokadiria, na kama yuko hatarini sasa hivi sema hilo mwanzo kabisa. Kabla hujapiga andika tarehe, maana utakapoulizwa "mara ngapi" kichwa kitakua kitupu. Tanzania Sheria ya Mtoto ya 2009 inasema hata mtu wa kawaida kwenye jamii akijua haki ya mtoto inavunjwa ana wajibu wa kutoa taarifa serikali ya mtaa, kwa hiyo mtu akikuuliza inakuhusu nini, inakuhusu. Na ukipiga ikaonekana hakuna kilichofanyika, piga tena. Na mwambie mtu wa pili apige. Kwa Gabriel simu zilipigwa na bado, najua, ndo maana nasema piga tena.

Na usimfuate mzazi ukamwambia "mtoto kaniambia unampiga". Tafadhali. Utaondoka, mtoto atabaki nae usiku.

Cha mwisho ni tarehe. Nlisema mwanzo uandike ya kuzaliwa. Tarehe ya kifo ilichaguliwa na muuaji, sitaki kuitunza simuni kwangu. Ya kuzaliwa ni ya mtoto. Kwa hiyo kwenye kalenda ya simu nina Gabriel 20 Februari, Zachary 18 Julai, Victoria 2 Novemba, na wengine, inajirudia kila mwaka. Siku hiyo simu ikilia nasoma ukurasa wake kwenye daftari, mistari mitano sita tu, alikua nani, nani alimpenda, nani alijaribu. Wengine wanawasha mshumaa, mwenzangu mmoja anasomesha dua, mwingine alipanda mwembe uani kwao na kautundikia jina. Fanya cha kwenu, kisiwe kitu cha kujionyesha.

Sisi nyumbani tunapika. Mama ndo alianzisha, alisema marehemu mtoto hutolewa sadaka ya watoto, wale watoto wenzie washibe. Kwa hiyo asubuhi tunachoma maandazi, tunatengeneza chai ya maziwa, tunawaita wa mtaani, na yule binti wa nyumba ya tatu tunahakikisha anakuja, na akija mama anakaa nae anaongea nae. Kabla hawajala mama anataja jina, moja tu, la siku hiyo. Climbié linampa tabu, anajaribu mpaka linatoka. Maandazi ya Novemba tunatia iliki nyingi na tui zito, wale watoto wamezoea, wakichelewa kuitwa wanakuja wenyewe kugonga geti.